Pipi za Ng'ambo ya Mto

Kila asubuhi, kabla kengele haijalia, viatu vya watoto wa shule ya Waikorari hujipanga mlangoni kama vyenyewe ndivyo vinavyokuja kusoma. Vya Ripeka vilitambulika kwa mbali: vyeupe, vya mjini, havijawahi kuonja tope. Siku hiyo alivivua, akavisukuma nyuma ya mabuti ya mpira ya binamu yake Tiaki ili visionekane, akaingia darasani na soksi zake.

Waliomba, kisha wakaimba. Ripeka alifungua mdomo na kuufunga kama samaki, na sauti zikatoka kwa wenzake.

Katika shule ile Kimaori, lugha ya wenyeji wa asili wa Nyuzilandi, ndicho kinachozungumzwa, kuanzia getini hadi chooni. Ripeka alikuwa na miaka kumi na moja, na wiki tatu tu zilikuwa zimepita tangu yeye na mama yake wahame jiji la Oklandi kuja kuishi na Bibi Materoa. Kule mjini alijua kusalimia, kuomba mkate na kuhesabu hadi kumi. Lakini kuhesabu hadi kumi hakukusaidii mwalimu anapofika kumi na moja.

Basi akajipatia dawa. Dawa yenyewe ni neno moja, "ae," maana yake "ndiyo."

"Ripeka, umelala salama?" aliuliza mwalimu, Mama Hiria.

"Ae."

"Una penseli?"

"Ae."

"Unazo ngapi?"

"Ae."

Darasa likacheka. Ripeka naye akacheka, ila alichelewa kidogo, kama mtu aliyepanda basi wakati wenzake wanashuka.

"Mmaori wa plastiki," Tiaki alimnong'oneza walipotoka nje. "Ukianikwa juani unayeyuka." Kwa hisani yake, tusi hilo alilitoa kwa Kiingereza, lisije likapotea njiani.

Kwa nini Ripeka hakusema tu kwamba haelewi? Kwanza, Bibi Materoa, ambaye alikuja shuleni kila siku kufundisha nyimbo, alikwisha kukitangazia kijiji kizima: "Mjukuu wangu ana wiki tatu tu na anaelewa kila kitu! Damu haisahau." Utamwambiaje bibi wa namna hiyo kwamba damu imesahau? Pili, siku ya kwanza Mama Hiria alimwambia mama yake kwa upole, "Lugha ikimlemea, ipo shule ya Kiingereza huko barabarani. Basi linapita kila asubuhi. Hakuna aibu." Ripeka hakulitaka basi hilo. Waikorari palikuwa mahali pa kwanza maishani mwake ambapo hakuna aliyemuuliza jina lake linaandikwaje.

Shuleni hapo kila mtoto mkubwa hupewa mdogo wa kumwongoza. Ripeka aliambiwa amepewa Hohepa, mvulana wa miaka sita asiye na meno mawili ya mbele. Hohepa hakuliona hivyo.

"Babu yangu alizaliwa kabla ya bibi yako," alimwambia siku walipokutana. "Kwa ukoo, mimi ni kaka yako mkubwa. Umeelewa?"

"Ae," alijibu Ripeka, ambaye hakuelewa hata silabi.

"Vizuri. Nifunge viatu." Akanyoosha mguu. Mguu hauhitaji tafsiri. Ripeka akainama akafunga kamba, na tangu hapo kazi ikawa yake.

Alhamisi hiyo darasa zima lilishuka ufukweni kuchimba pipi. Wewe unayesoma, usimeze mate: pipi za huko si za sukari. Ni kome wadogo wanaojificha mchangani, na maji yakipwa unawachimbua kwa vidole. Ijumaa saa sita wangekuja wageni wa shule nyingine, na Waikorari wageni hulishwa pipi. Mkikosea hotuba mtasamehewa. Mkikosa pipi mtasemwa mpaka wajukuu.

Hilo pia lilikuwa somo la hesabu. Unaweka fremu ya mbao mchangani, unahesabu pipi zilizomo, unazipima kwa rula, ndogo unazirudisha. Kabla hawajatawanyika, Bibi Materoa alisimama, akaelekeza kidevu ng'ambo ya mto unaomwaga maji baharini, akasema jambo refu. Ripeka alinasa maneno mawili: "vuka" na "mto."

Kwa Kiswahili angesikia "msivuke," katazo likiwa ndani ya tumbo la neno. Kwa Kimaori katazo husimama peke yake mbele ya sentensi, neno fupi, "kaua," kama mlinzi mlangoni. Mlinzi huyo alipopita, Ripeka alikuwa ameinama anakunja suruali.

"Mmeelewa?" aliuliza Mama Hiria.

"Ae!" waliitikia wote, na Ripeka kwa sauti kuliko wote.

Akavuka. Maji yalimfika magotini. Upande wa pili, nyuma ya rundo la magogo yaliyotupwa na bahari, alikuta kigingi chenye kitambaa chekundu. "Wameniwekea alama," akawaza kwa furaha. Na kweli, pipi za hapo zilikuwa nene, zimejazana, utadhani hakuna mtu aliyezigusa kwa miezi. Alijaza mfuko wake akarudi kabla wenzake hawajafika nusu.

"Loo!" alisema Mama Hiria. "Hizi zote umezitoa upande huu?"

"Ae."

Hata Tiaki alinyamaza, na kwa Tiaki huo ni wimbo wa sifa. Pipi za Ripeka zikamiminwa pamoja na za wenzake katika beseni kubwa la maji ya bahari, zilale humo usiku kucha ziteme mchanga.

Mchana watoto walichora ramani ya ufukwe. Hohepa alichora bahari, mto, magogo, kisha ng'ambo ya mto akachora ng'ombe mkubwa kuliko bahari. Juu yake akapiga alama ya X kwa rangi nyekundu.

"Ng'ombe wa nini?" Ripeka alimnong'oneza kwa Kiingereza.

Hohepa alimkazia macho. Kiingereza darasani? Yeye, kaka mkubwa, asingekubali upuuzi huo. Akaamua kueleza kwa mwili. Alijiwekea vidole kichwani vikawa pembe. Akachuchumaa, akakunja uso, akasukuma: ng'ombe anajisaidia. Akatikisa vidole kutoka juu: mvua. Akapitisha mkono kama nyoka hadi baharini: mto. Akachukua pipi ya kuwazia, akaila kwa utamu, halafu akashika tumbo, akagaagaa chini na kulia kwa sauti ya mtu anayekimbilia choo na kukuta kimefungwa.

Darasa zima lilikufa kwa kicheko. Ripeka hakucheka. Kwa mara ya kwanza katika wiki tatu alikuwa ameelewa somo lote, mwanzo hadi mwisho.

"Kaua," Hohepa alimalizia, akitikisa kidole juu ya alama nyekundu. "Kaua."

Mvua za mwezi uliopita zilikuwa zimepasua bwawa la samadi la shamba moja huko juu, na uchafu ukalalia upande ule wa mto. Kigingi kilikuwa marufuku ya wazee. Na mfuko wa Ripeka ulikuwa ndani ya beseni, umechanganyika na mifuko ishirini ya wenzake, na hakuna jicho lingeweza kutenganisha pipi na pipi.

Kengele ya kwenda nyumbani ilipolia, Ripeka alisimama kwenye mlango wa jiko la shule. Ndani, Bibi Materoa na Mama Hiria walikuwa wakibadilisha maji ya beseni. Alijua la kusema. Alijua pia litakalofuata: akisema amevuka, wataulizana kwa nini alivuka, na "ae" zote za wiki tatu zitafufuka moja moja zimshtaki. Bibi atageuka kichekesho cha kijiji. Na basi la Kiingereza hupita kila asubuhi.

Labda zitapikwa vizuri, akawaza. Labda moto utaua kila kitu. Labda...

Hohepa akampita kwenye mlango, akajisogeza hadi kwenye beseni kama paka. Alizipenda pipi mbichi kuliko pipi za dukani. Alichagua moja nene, akaibandua kwa ukucha, akaipeleka mdomoni.

"Kaua!"

Sauti ilimtoka Ripeka yenyewe, kali, hadi sufuria zikaitikia. Akaruka, akaipiga ile pipi ikaangukia chini ya meza. Hohepa akaanza kulia. Bibi Materoa akageuka na kata mkononi.

"Kuna nini, mjukuu wangu?"

Ripeka alitafuta maneno ya Kimaori, akapata machache. "Mimi... vuka. Mto. Pipi zangu..." Akaonyesha beseni. Kisha Kimaori kikamwishia, machozi yakaanza, na Kiingereza kikafurika kama mto wenyewe. "Nilivuka, Bibi! Sikusikia ulichosema. Huwa sielewi. Sielewi chochote! Nasema 'ae' tu. Hata ya penseli sikuelewa!"

Hohepa alisahau kulia.

Mama Hiria aliangalia beseni, akaangalia saa ya ukutani, akahema. "Zote," alisema. "Tutazifukia zote."

Watoto waliokuwa bado uwanjani waliitwa kuchimba shimo nyuma ya shule. Tiaki alipewa koleo.

"Jasho langu lote la asubuhi!" alilalamika. "Kisa nini? Kisa dada plastiki!"

"Tiaki," alisema Bibi Materoa, "nyamaza uchimbe. Wewe nimekulea, na kaptura yako ya kulalia niliianika kila asubuhi, usinifanye niwasimulie kwa nini."

Tiaki akachimba.

Bibi aliketi juu ya ndoo iliyopinduliwa, akamvuta Ripeka karibu. Alisema Kimaori polepole, na kila Ripeka alipokunja uso, alirudia kwa Kiingereza. Mama Hiria akajifanya hasikii.

"Nilipokuwa kama huyu," Bibi alisema, akimgusa Hohepa kichwani, "shule ilikuwa Kiingereza tupu. Ukitamka Kimaori, fimbo. Na mimi Kiingereza nilijua neno moja tu, 'yesi.' Siku moja mwalimu akaniuliza kitu mbele ya wote. Nikasema 'yesi.' Akanichapa. Akauliza tena. 'Yesi.' Akanichapa tena. Jioni ndipo nikaelezwa. Aliuliza, 'Wewe ndiye uliyevunja dirisha?' Kisha akauliza, 'Na ungependa kulivunja lingine?'"

Ripeka alijikuta anacheka na kulia kwa wakati mmoja.

"Na dirisha nani alilivunja?" aliuliza.

"Kaka yangu. Babu yake huyu kaka yako mkubwa! Amekufa bila kuniomba radhi." Bibi alifuta macho, ikawa vigumu kujua ni kwa kicheko au kwa kingine. "Ndiyo maana mama yako sikumpa lugha. Fimbo ilikwisha kuoza, mimi bado naiogopa. Kwa hiyo kama damu imesahau, mjukuu wangu, aliyeisahaulisha ni mimi. Aibu hiyo ni yangu. Usiibebe."

"Na mimi nina kosa langu," alisema Mama Hiria. "Mwalimu anayeuliza 'mmeelewa?' ataambiwa 'ndiyo' hadi kiama. Kuanzia kesho siulizi hivyo. Kila asubuhi kila mtu ataniletea jambo moja asilolijua. Asiye nalo atafute."

"Na basi?" aliuliza Ripeka kwa sauti ndogo.

"Basi gani?"

"La shule ya Kiingereza."

"Aa, lile. Lina watu wake," alisema Mama Hiria. "Wewe una shimo la kufukia."

Ijumaa asubuhi, baada ya sala na wimbo, Mama Hiria aliwaangalia. "Haya. Nani hajui nini?"

Mkono ukapanda taratibu, na si wa Ripeka.

"Ule wimbo wa kila siku," alisema Tiaki, masikio yamemwiva. "Ubeti wa pili. Tangu nianze shule sijui maana yake."

"Plastiki!" Ripeka alisema kwa Kimaori, kwa sababu kwa bahati nzuri neno lenyewe halibadiliki sana. Tiaki ndiye aliyecheka zaidi.

Saa nne maji yalipopwa walishuka tena. Safari hii Bibi Materoa alipotoa maagizo, Ripeka aliinua mkono mara tatu. "Sijaelewa. Rudia." Bibi akarudia mara tatu, na mara ya tatu watoto wawili wadogo wakasema, "Kumbe!" Mabeseni yakajaa kabla ya wageni kufika, lakini hapakuwa na muda wa pipi kutema mchanga.

Baada ya wageni kukaribishwa na kuketi mezani, mwalimu wao alitia pipi ya kwanza mdomoni. Krrr. Akasita. Akatafuna tena. Krrr.

Bibi Materoa alisimama, akawaeleza kila kitu bila kuficha, ila jina la mtoto. Ripeka mwenyewe akasimama pembeni yake, bila kuitwa.

"Ni mimi," alisema kwa Kimaori. Sentensi fupi, haikuwa na kosa.

"Basi, wageni wetu," Bibi alimalizia, "kuleni na mchanga wetu. Mchanga hauui mtu. Kinachoua ni 'ndiyo' ya mtu ambaye hajaelewa. Aliyesema 'sijui' jana ameyaokoa matumbo yenu leo."

Wageni walicheka, wakala, wakaomba nyingine. Krrr, krrr, ukumbi mzima, kama farasi wanaokula shayiri.

Jioni, mlangoni, Hohepa alinyoosha mguu kama kawaida.

"Nifunge."

"Hapana," alisema Ripeka. Akachuchumaa kando yake, akamshikisha kamba. "Tazama. Hii inapita hapa. Sasa wewe."

Hohepa alijaribu, fundo likafumuka. "Sijui," alisema kwa hasira.

"Vizuri," alisema Ripeka. "Rudia. Na wakati unafunga, nifundishe: 'kamba' mnaitaje?"

Bibi Materoa aliwatazama akiwa amesimama na kikapu chake, akamgusa Mama Hiria kwa kiwiko.

"Sasa nani mwalimu hapo na nani mwanafunzi?"

"Kwa lugha yetu kufundisha na kujifunza ni neno moja tu, 'ako,'" alisema Mama Hiria. "Wazee hawakuishiwa maneno. Walijua hakuna anayefundisha kabla hajathubutu kusema hajui."

Fundo likafumuka tena. Wakaanza upya.