Kamba Iliyoburuta Magogo

Ndugu zangu, sikieni yaliyomkuta Lukresia wa Marangu, mwaka ule bei ya kahawa ilipoanguka hata watu wakang'oa mibuni yao.

Jumamosi hiyo asubuhi palikuwa shwari. Ng'ombe alicheua bandani, na Lukresia aliketi uani akikagua kamba ya kupandia miamba. Ilikuwa ya mumewe, Filemon, aliyekuwa akiwashusha wageni kwenye genge la korongo. Walipooana alimfundisha mkewe kuipapasa kamba yote kwa vidole kabla ya kazi.

Vidole vikasita. Mahali pamoja kamba ilikuwa laini, imebonyea kama utumbo. Nje ilionekana nzima, lakini kiini kilikuwa kimekatika. Lukresia alijua sababu: wiki iliyopita Filemon aliitumia kuburuta magogo ya mpasua mbao kwa trekta.

Filemon akaingia kutoka kilabuni, ananuka pombe ya mbege.

"Baba Doris, kamba hii haifai tena. Wageni wa leo wasubiri."

"Umekuwa mwalimu wangu?"

"Wewe ndiye uliyenifundisha..."

Kofi likamkata maneno. Filemon akaikunja kamba ile ile na kumchapa mgongoni mpaka gauni likachanika. Binti yao Doris akapiga yowe. Gidioni, mdogo wake Filemon, akaruka mfereji kutoka kihamba cha pili, shamba lililopakana na lao, na kumdaka mkono.

"Kaka, utamuua shemeji!"

Filemon akamtwanga kichwa cha pua. Damu ikatapakaa.

"Nawe unaogopa kamba? Basi leo utatangulia wewe kushuka. Usiposhuka, usiniite kaka tena."

Hapo ndipo Gidioni alipokosea, ndugu zangu. Aliogopa kuitwa mwoga kuliko alivyoogopa kifo.

Gengeni, wageni wawili walikuwa wakingoja. Filemon alifunga kamba kwenye mti mmoja tu. Hakuweka gunia kwenye ukingo mkali wa jiwe, wala kamba ya pili ya akiba. Gidioni akavaa mkanda, akafunga fundo lake vizuri kabisa. Lukresia akafika akichechemea, akaishika kamba.

"Shemeji, usishuke. Gusa hapa."

Gidioni akagusa. Lukresia aliuona uso wake ukibadilika, alikuwa ameelewa. Kisha Gidioni akamtazama kaka yake, akarudi nyuma hatua moja, hewani. Filemon akaupiga teke mkono wa mkewe uliokuwa bado umeishika kamba.

Pale palipokuwa laini palipofika kwenye ukingo, kamba ilikatika kwa mlio kama risasi. Kilichosikika ni mwili wa Gidioni ukigonga mawe, mara ya kwanza, mara ya pili, kisha mto tu.

Wanaume wa kijiji walipopata habari walimvamia Filemon kwa ngumi na fimbo, wakamvunja taya. Mmoja akainua panga. Lukresia, mgongo ukivuja damu, akajitupa katikati.

"Mwacheni! Mkimuua, nani atajibu kifo cha Gidioni?"

Baada ya maziko, mama mkwe akampigia magoti. "Sema jiwe ndilo lililokata kamba. Mwanangu mmoja yuko kaburini. Usinifungie wa pili."

Lukresia akamwinua, wakalia pamoja. "Mama, nisamehe. Gidioni naye ana haki ya kusemewa."

Mahakamani alieleza yote, na mgongo wake akauonyesha. Filemon alifungwa. Alipopitishwa mlangoni na pingu alimtazama mkewe, akataka kusema neno, taya halikufunguka. Mama mkwe aliondoka bila kumpa Lukresia mkono.

MAFUNZO

Kamba ya kupandia isibebe kazi nyingine, na ikitiliwa shaka ikatwe, itupwe. Ukingo mkali uwekewe kinga, na roho ya mtu isitegemee kamba moja. Anayesema "usishuke" asikilizwe, hata akiwa mke, hata akiwa mdogo.

Lakini lipo kubwa zaidi. Miaka sita sisi majirani tulisikia mapigo katika nyumba ile, tukasema, "Ni mambo ya ndoa." Filemon alikata kamba, nasi tulimwachia kisu.