Aliita Mara Mbili

Jua lilikuwa linazama nilipokwenda kwenye banda la video la Luqmani, hapa Itigi, kuchukua kigoda cha marehemu mwanangu Ezekieli. Arobaini imepita. Sikuona kwa nini makalio ya watu wengine yaendelee kukikalia.

Kwenye banda lile Ezekieli alishika maiki, akiwatafsiria watu sinema. Alizipenda zile fupi za kuchekesha, za wazungu wa kale, enzi picha ndiyo kwanza zimejua kusema: hazina rangi, sauti inakwaruza, dakika kumi zimekwisha. Humo kuna bibi mmoja mnene mwenye sufuria. Akampa sauti yangu! Watu walicheka mpaka wakaanguka. Mimi nilimtukana wiki nzima.

"Shikamoo, bibi," alisema Luqmani. "Kaa kidogo, najaribu mashine."

"Marahaba. Jaribu hiyo, mimi usinijaribu."

Akawasha, akatoka kutundika ubao wa matangazo. Kwenye kioo, fundi rangi wa kizungu akapanda ngazi, ndoo mkononi. Wazungu wakabwata kizungu chao.

Kisha... harufu.

Moshi wa kurinia asali.

Ezekieli alikufa porini, akirina. Nyuki, walisema. Waliniletea amefungwa shuka, uso sikuonyeshwa.

Maiki ilikuwa ukutani, waya umeviringishwa.

Fundi akasimama katikati ya ngazi. Akageuka. Akanitazama.

"Mama..."

Sauti ya Ezekieli.

Tangu utoto nimeambiwa: sauti ikikuita jua likizama, usiitike mpaka iite mara ya tatu. Wachawi huita mara mbili tu. Ukiwaitikia, wamekuchukua.

Nikauma ulimi.

"Mama!" Sasa kama mtu anayevutwa mkono.

Nikangoja. Moja tu tena, mwanangu. Moja...

Ndoo ikaanguka. Fundi akaifuata. Kioo kikawa cheusi.

"Imekwisha," alisema Luqmani mlangoni. "Bibi, kuna nini?"

"Rudisha mwanzo."

Akarudisha. Kizungu kitupu.

Wengine wanasema ni mchawi. Wengine, msukule, yuko hai analimishwa mashamba ya watu. Sijui. Ninalojua ni hili: Ezekieli alipokuwa mdogo alikuwa msumbufu wa kuita. Nilimchapa mpaka akaelewa. Ukiniita mara mbili nisipoitika, nyamaza.

Hakuwahi kuita ya tatu maisha yake yote.

Kigoda nilikiacha palepale. Nakikalia kila jioni, Luqmani akiweka sinema ileile. Fundi akishika ngazi tu, naitika kwa nguvu: "Naam, mwanangu! Nipo!"

Watu wanacheka sana. Wanadhani natafsiri.