Waliorudi Nyuma Langoni

Jumamosi ile mchana Selina Entwistle alikula bakuli la mbaazi nyeusi na siki, akajifuta mdomo kwa shali, akaingia kwenye hema la picha zinazotembea kwenda kujitazama. Wafumaji wote wa mtaa walikwenda. Jana yake mpiga picha alisimama langoni mwa kiwanda chao cha nguo saa ya kutoka, na kila mtu alijipitisha mbele ya kamera makusudi, wengine mara mbili mbili, ili kesho ajione.

Selina alikuwa na lake moyoni. Tangu Machi alikuwa akitangaza kwamba mumewe, Jabez, kapanda meli kwenda Amerika. Kumbe siku Jabez alipomng'oa jino la tatu kwa ngumi, Selina alimponda kichwa kwa chuma cha kuchochea makaa, akamzamisha kwenye mfereji wa mashua. Sasa ilibidi acheke kuliko wenzake. Mke aliyeachwa akinuna, watu huanza kuuliza.

"Haya shoga, Jabez kaandika?" Kezia, jirani yake, alimbana ubavuni pale benchini.

"Aandike kwa mguu? Zee lile hata jina lake halijui kuliandika!"

Taa zikazimwa. Kwenye kitambaa cheupe mbele yao lango la kiwanda likafunguka, watu wakamiminika bila sauti.

"Huyo mimi!"

"Mwoneni Enoch, tumbo limetangulia!"

Picha ikaisha. Desturi ilikuwa mwenye mashine ya kuonyeshea picha aizungushe kinyumenyume, watu wavunjike mbavu. Na aliyepaza sauti kuliko wote ni Selina mwenyewe: "Rudisha!"

Wakarudi kinyumenyume, wanawake na shali zao, watoto, mbwa, wote wakamezwa na lango.

Mmoja hakurudi.

Alikuwa anakuja mbele.

Kichwa kimebonyea. Maji yanamchuruzika.

"Mama yangu," Kezia akanong'ona. "Si Jabez yule?"

"Zima," Selina akasema. "Zima!"

Mwenye mashine aliachia mkono wa kuizungushia. Mashine haikusimama.

Uso ukajaa kitambaani. Kisha jicho moja tu. Kisha giza.

Kezia alisikia mfupa ukivunjika. Damu ya moto ikamrukia shavuni. Visigino vya Selina vikapiga sakafu ya mbao. Mara nne. Mara tano. Vikatulia.

Taa zilipowashwa, shingo yake ilikuwa imesokotwa mpaka uso ukatazama mgongoni.

Nyayo za maji zilitoka kitambaani hadi benchini. Nyayo za mtu mmoja. Zilizorudi kitambaani zilikuwa za wawili, mmoja mwanamke.

Na Selina bado alikuwa amelala pale pale miguuni pa Kezia, viatu vyake vikavu.