Kamba ya Mashuka

Mashine ya kufulia ilisimama. Israël akaufungua mlango wake, akaanza kuyatoa mashuka ya marehemu mke wake. Hilo ndilo lilikuwa jambo la mwisho la kawaida jioni ile ya Machi, katika duka la kufulia nguo la Thornton Heath, kusini mwa London.

"Fua, shemeji, lakini uyarudishe yote," Emérence, dada wa marehemu, alikuwa amemwambia Israël alipokuwa akitoka nyumbani. "Vitu vya Armelle nitavigawa miye, siku ya kuondoa matanga. Mbele ya hapo hakitoki kitu. Weye profesa usijifanye Mzungu."

Hakuwa profesa. Alisomea historia Lubumbashi, na hapa London alifundisha shule ya sekondari.

Alipogeuka, mwanamke alikuwa amekaa kwenye benchi. Hakumsikia akiingia. Gauni lake la sufu nzito lilichuruzika maji na kunuka kondoo na moshi. Hakuwa na nguo za kufua.

"Nipe moja," alinong'ona.

Kwa Kiswahili.

"Haya ni ya marehemu, mama."

"Mume wangu amefungiwa juu, mnarani. Mwanangu pia. Tumeunga mashuka, tumeunga hata vitambaa vya meza..." Akameza mate. "Haifiki chini. Na yeye ni mzito."

Israël alikijua kisa hicho. Wiki ileile alikuwa amekifundisha darasani: mwanamfalme wa Wales, karne ya kumi na tatu, aliyefungwa katika Mnara wa London. Alijaribu kushuka kwa kamba ya mashuka. Kamba ikakatika, akavunjika shingo.

Maskini, aliwaza. Amefiwa, akili imeruka. Mbona hata mimi huongea na mto wa kulalia wa Armelle?

Akampa shuka lenye maua ya manjano.

Nyumbani, ghorofa ya nne, Emérence alikuwa jikoni akikata vitunguu.

"Umerudisha yote?"

"Yote."

Ndipo upepo wa baridi ukamgusa miguuni. Ulitoka chini ya mlango wa chumba cha Myriam, binti yake wa miaka sita.

Akausukuma mlango.

Kitanda kilikuwa kitupu. Dirisha wazi. Kamba ya mashuka ilining'inia nje, na ncha yake, yenye maua ya manjano, ilikuwa imefungwa kiunoni mwa mtoto, aliyekaa sakafuni chini ya dirisha.

"Mama anapanda," Myriam alisema kwa Kiingereza chake cha shule, miguu ameikaza ukutani. "Amesema nimshikilie."

Kamba ikakaza.

Krrr... krrr...

Mtoto akaburutwa hadi kwenye kizingiti cha dirisha. Israël akamrukia, akamkumbatia, akavuta kwa nguvu zake zote. Viatu vyake viliteleza. Uzito ule haukuwa wa Armelle. Siku za mwisho za mkewe, Israël alikuwa akimbeba hadi bafuni kwa mkono mmoja.

Lakini sauti ilikuwa ya Armelle.

"Baba Myriam..." ilipanda kutoka gizani, ikihema. "Usiniache. Nimekaribia."

Emérence alikuwa mlangoni, kisu mkononi.

"Kata, shemeji!"

"Ni yeye. Msikie!"

"Dada yangu amfunge mtoto wake kamba? Armelle? Kata!"

Myriam alipiga yowe. Kichwa chake kilikuwa tayari nje.

Israël akapokea kisu.

Akakata.

Kimya...

Kisha kishindo. Cha mwili mkubwa.

Alipochungulia, aliona lami yenye maji chini ya taa ya barabara, na yule mwanamke amepiga magoti. Alikuwa akikusanya kitu, taratibu, akikiweka ndani ya shuka. Akainua uso. Hakulia. Alimtazama tu, mpaka Israël akafunga dirisha.

Asubuhi alimshika Myriam mkono, wakaenda ofisi ya nyumba za halmashauri. Akaomba wahamishiwe nyumba ya chini kabisa, popote pale, hata leo.

"Sababu?" karani aliuliza bila kuinua macho.

Israël alikuwa amejiandaa kusema ni unyevu ukutani. Myriam akamtangulia.

"Kwa sababu Baba alimwangusha Mama."