Siku Jeni Alipofungua Mdomo

Jumamosi ni siku ya soko la vyungu Matema. Jeni alipanga vyungu vyake ufukweni, juu ya nyasi kavu. Vilikuwa vyungu vizuri, lakini uso wake ulikuwa mzito. Binti yake, Nancy, alikuwa amefaulu kwenda sekondari. Sare hana. Viatu hana.

"Baba yake je?" aliuliza Tausi. Tausi anauza kanga Kyela mjini, tena ni msaidizi wa kisheria.

"Asajile? Siku hizi ana malori Kasumulu. Lakini anatoa kile kile alichopangiwa na mahakama, Nancy akiwa bado mgongoni. Nikimwomba aongeze, ananicheka. Anasema mahakama imeshasema, chungu kikishachomwa hakifinyangwi tena."

"Mwongo huyo!" Tausi aliwaka. "Na yeye amefinyanga chungu gani? Sikiliza, Mama Nancy. Amri ya matunzo hupitiwa upya hali ikibadilika. Mtoto amekua. Baba alikuwa na mtumbwi, sasa ana malori. Hata yeye akifilisika, anaruhusiwa kuomba apunguziwe. Lakini lazima mtu aombe. Amri haijibadilishi yenyewe."

"Naanzia wapi?"

"Kwa afisa ustawi wa jamii. Atafika kwako na kwake, ataandika taarifa. Kisha unaomba mahakamani. Chukua nakala ya amri na cheti cha kuzaliwa cha mtoto. Ila niambie, mara ile hukumweleza hakimu shida zako?"

Jeni aliinama. "Mzee Ambakisye alikuwa ndani."

Tausi akaelewa. Mzee Ambakisye ni baba yake Asajile. Kwa desturi ya Wanyakyusa, mke wa mtoto haonani uso kwa uso na baba mkwe, wala hasemi mbele yake. Jeni na Asajile waliachana, lakini heshima ile Jeni hakuiacha. Basi hakimu alisikia upande mmoja tu.

"Mashauri ya watoto husikilizwa faragha," alisema Tausi. "Omba asiyehitajika atoke."

"Nimtoe mzee nje? Mimi? Loo!"

Hata hivyo Jeni alikwenda kwa afisa ustawi, akapeleka ombi mahakamani, na siku ya shauri ikafika. Jeni aliingia mahakamani, na moyo ukamshuka. Mzee Ambakisye alikuwa ameketi kando ya mwanawe, kama zamani. Jeni akavuta kanga hadi usoni.

"Mama Nancy, tueleze," alisema hakimu.

Jeni akainamia sakafu.

"Mheshimiwa, hana la kusema," alisema Asajile, akitabasamu.

Jeni alimfikiria Nancy, aliyebaki nyumbani akiwaangalia wenzake wakipimwa sare. "Mheshimiwa," alinong'ona, "naomba..." Sauti ikakatika.

Mzee Ambakisye akakohoa. Akashika fimbo yake, akainuka.

"Baba, unakwenda wapi?"

"Natoka. Nikikaa humu, mama huyu hasemi. Asiposema, anayekosa shule ni mjukuu wangu. Mheshimiwa, naomba ruhusa."

Hakimu alimruhusu. Mlango ulipofungwa, Jeni alishusha kanga. Akasema! Alitaja sare, viatu, madaftari, na dawa za kifua cha mtoto. Afisa ustawi alieleza kuhusu malori aliyoyaona Kasumulu. Asajile naye alisema ana mkopo, na hakimu akamsikiliza. Akapima mahitaji ya mtoto na uwezo wa baba. Kisha akabadilisha amri, matunzo yakaongezwa.

Jeni alitoka akihema kama mtu aliyetuliwa mzigo wa vyungu kichwani.

Shule zilipofunguliwa, Nancy alikwenda akiwa na sare mpya. Jumamosi, Jeni alichagua chungu chake kikubwa kuliko vyote.

"Mpelekee babu," alimwambia Nancy.

Jeni mwenyewe alisimama nyuma ya nyumba ya mzee, uso ndani ya kanga. Akasikia kikohozi kile kile upande wa pili wa ukuta.

"Chungu kizuri hiki," alisema mzee. "Mama yako hajambo?"

Kabla Nancy hajajibu, sauti ilitoka nyuma ya nyumba, wazi, bila kutetemeka.

"Sijambo, baba. Ndaga fijo. Asante sana!"