Kadidja Asoma Karatasi ya Gari

Kila asubuhi, kabla ya kengele ya shule, mlangoni kwa Papa Amuri mtaani Kabondo palikuwa na foleni ndogo. Mmoja ameshika barua ya mwanawe aliyeko Léopoldville, mwingine ameshika chupa ya dawa, mwingine karatasi aliyoletewa na mtu wa kodi. Wote walimngoja Kadidja, msichana wa miaka kumi na miwili, ambaye muda huo alikuwa bado anatafuna mikate yake kwa chai. Alitoka akijifuta midomo, akawasomea mmoja mmoja, kisha akakimbilia shule.

Asubuhi alisoma Kifaransa shuleni, jioni alisoma Kurani madrasani kwa Mwalimu Waziri. Kote kuwili sauti yake ilikuwa ileile, laini na ya haraka, isiyokwama popote. Madrasani, mtoto anayemaliza sura nzima bila kukwama hupewa heshima yake, na hakuna anayemsimamisha kumwuliza kila neno la Kiarabu lina maana gani. Papa Amuri alipenda kukaa barazani akiwa amefumba macho, akimsikiliza binti yake. Kama furaha ya mzazi ingekuwa mafuta ya taa, nyumba ile isingekaa gizani hata siku moja.

Huo ulikuwa mwaka wa tatu wa uhuru, mwaka mmoja kabla ya uasi kufika mjini. Karatasi za serikali bado ziliuita mji Stanleyville, lakini watu wa Kabondo waliuita Kisangani, kama walivyouita siku zote. Wazungu wengi walikuwa wakiondoka, na magari yao yalikuwa yakiuzwa.

Papa Amuri alikuwa mchuuzi wa mchele. Alikuwa na baiskeli mbili. Moja aliikodisha, na ya pili aliisukuma mwenyewe kwa njia ya Buta, akiwa ameipakia magunia matatu. Nimesema aliisukuma, maana baiskeli yenye mzigo kama huo haipandwi na mtu. Mgongo wake ulikuwa umeanza kulalamika. Kila aliporudi, Mama Aziza alimkanda kwa mafuta ya mawese yaliyopashwa moto, huku akimnung'unikia.

"Utaacha lini, baba Kadidja? Mpaka ukunjike kama shoka?"

"Nitaacha siku nikipata gari," alijibu Papa Amuri, na mke wake alicheka.

Lakini hakuwa anatania. Kuendesha alikujua, na ruhusa ya kuendesha alikuwa nayo tangu alipokuwa dereva wa shamba la kahawa. Akakusanya akiba yake ya miaka, akauza baiskeli zote mbili, akaenda kwa Monsieur Édouard, muuza magari, kununua kamioneti kuukuu ya rangi ya kijani. Kadidja alikwenda naye.

Jirani yao Nicolas, ambaye watoto walimwita Tonton, yaani mjomba, mtu wa Yanonge aliyekuwa karani wa posta, alikuwa amejitolea kuwasindikiza. Papa Amuri alimshukuru, akakataa. "Mimi niko na mutoto anayesoma," alimwambia. "Nitakusumbua wewe kwa nini?"

Monsieur Édouard aliwapokea kwa maneno matamu. "Papa Amuri, bei ni ile tuliyopatana. Yote iko ndani. Bon, tutie sahihi." Akaweka mezani karatasi yenye kurasa mbili.

"Soma, mama," Papa Amuri alimwambia binti yake. Alizoea kumwita mama, kama baba wengi wanavyowaita binti zao.

Kadidja akasoma. Mstari wa kwanza ulikwenda vizuri, wa pili pia. Kwenye mstari wa tano alikutana na maneno marefu ambayo hakuwahi kuyaona. Angeweza kusimama. Lakini baba yake alikuwa amekwisha fumba macho, na mafundi wawili wa gereji walikuwa wameacha nyundo zao ili wamsikilize. Basi akayapita yale maneno kwa mbio, kwa sauti ileile nzuri, akafika mwisho wa ukurasa wa pili bila kukwama.

"Mashallah," alisema Papa Amuri. "Umeelewa yote?"

"Nimeelewa, papa."

Papa Amuri akatia sahihi yake kwa herufi za Kiarabu, kutoka kulia kwenda kushoto, akalipa bei yote. Monsieur Édouard akampa nakala, akamwambia arudi baada ya wiki moja kuchukua kamioneti.

Wiki ilipotimia, walikuta kamioneti imeoshwa, inang'aa. Papa Amuri alinyoosha mkono apewe funguo. Monsieur Édouard akatikisa kichwa.

"Alors, hujalipa kuandikisha gari. Na kuna malipo ya dossier, yaani kazi ya kutengeneza karatasi zako hapa kwangu. Ulete zote mbili kabla ya Jumamosi. Ukichelewa, kamioneti itakwenda kwa mtu mwingine, na theluthi ya pesa yako inabaki hapa. Iko kwenye karatasi."

"Ulisema yote iko ndani."

"Mimi nafuata karatasi. Na binti yako alikusomea mbele yangu, neno kwa neno."

Papa Amuri alimtazama Kadidja. Kadidja alitazama viatu vyake.

"Binti yangu alisoma na alielewa," alisema Papa Amuri polepole. "Kama lingekuwemo neno kama hilo, angeniambia. Wewe umebadilisha karatasi. Kesho nakwenda kwa wakubwa kukushtaki, na nitaapa kwa Kurani."

Njia nzima ya kurudi Kabondo Kadidja alitembea nyuma ya baba yake. Baba yake hakuwa na gari, hakuwa na baiskeli, na sasa alikuwa anakwenda kuapa uongo bila kujua, na uongo wenyewe ulikuwa wa mwanawe. Mama Aziza alipakua lituma, zile ndizi za kupondwa, na samaki. Kadidja alimega tonge moja, akalirudisha kwenye sahani.

Baada ya sala ya magharibi baba yake akamwagiza mdogo wake Kadidja amletee kanzu safi ya kesho. Hapo Kadidja akashindwa kuvumilia.

"Papa, usiape."

"Kwa nini?"

"Karatasi haikubadilishwa. Yale maneno yalikuwemo. Niliyasoma, ila sikuyaelewa. Niliona aibu kusimama mbele ya watu, nikakudanganya." Machozi yakamshuka.

Mama Aziza alifungua mdomo, mume wake akamwinulia mkono kumtuliza. Alikuwa amekasirika, na Kadidja aliliona hilo kwenye mshipa wa shingo yake. Lakini aliposema, sauti yake ilikuwa ya chini.

"Ningeapa, mama. Ningesimama mbele ya watu nikaweka mkono juu ya Kitabu."

"Najua, papa. Nisamehe."

"Futa machozi. Chukua karatasi, twende kwa Nicolas."

Tonton Nicolas alikuwa anafuta pikipiki yake uani. Alisikiliza habari yote bila kucheka, na hilo lilikuwa jambo kubwa kwake, maana alikuwa mtu wa kucheka hata msibani. Akavuta kiti karibu na taa.

"Kadidja, soma. Lakini leo hatutafuti sauti nzuri. Kila neno usilolijua, simama, useme hulijui."

Kadidja akaanza. Akasimama mara ya kwanza, akasimama mara ya pili, uso ukimwaka kwa aibu. Mpaka mwisho alikuwa amesema "silijui" mara kumi na moja, na kila mara Tonton Nicolas alimweleza bila haraka. Mara ya mwisho aibu yenyewe ilikuwa imemchoka, ikamwacha.

"Donc, tuone," alisema Tonton Nicolas. "Bei mliyolipa ni ya gari peke yake. Hiyo ni pesa ya muuzaji. Kuandikisha gari ni pesa ya serikali, na karatasi inasema mnunuzi ndiye analipa. Mimi pia nililipia pikipiki yangu. Unalipa mwenyewe, dirishani kwa serikali, wanakupa risiti yenye muhuri, halafu wanakutengenezea carte rose." Akatoa mfukoni mwa shati kijikaratasi cha rangi ya waridi alichokifunga kwenye plastiki. "Hii hapa. Inasema chombo ni cha nani. Siku hizi ukifika kwenye kizuizi cha askari bila hii, gari linabaki kwao, wewe unarudi kwa miguu."

"Na malipo ya dossier?" aliuliza Papa Amuri.

"Kadidja, yako wapi?"

Kadidja alipitisha kidole mstari kwa mstari, ukurasa wa kwanza, kisha wa pili. Akarudia. "Hayamo, tonton. Na Jumamosi haimo. Hapa wameandika siku kumi na tano tangu siku ya sahihi. Leo ni ya saba."

Papa Amuri alishusha pumzi ndefu. Siku nane zilikuwa bado zake.

Kesho yake hakwenda kwa wakubwa. Alikwenda kwa kijana aliyenunua baiskeli zake, akaikodi baiskeli aliyokuwa akiimiliki mwenyewe wiki mbili nyuma, na huyo kijana hakumpunguzia hata kidogo. Akasukuma mchele mara mbili, kwenda na kurudi, mgongo ukilalamika njia nzima. Siku ya kumi na tatu alisimama na Kadidja kwenye dirisha la serikali. Karani akaomba nambari iliyochongwa kwenye chuma cha gari. Kadidja akaionyesha kwenye karatasi ya muuzaji. Karani akapokea ada, akapiga muhuri.

Kutoka pale walikwenda moja kwa moja kwa Monsieur Édouard. Aliitazama risiti mbele na nyuma.

"Bon. Na malipo ya dossier?"

"Monsieur, tafadhali nionyeshe mstari," alisema Kadidja, akimpa nakala yao.

Monsieur Édouard aligeuza ukurasa, akaugeuza tena. Akakohoa. Akavuta droo, akaweka funguo mezani, na pamoja nazo karatasi mpya. "Hii ni ya kupokea gari. Ni desturi tu. Tia sahihi hapa."

Papa Amuri hakuishika kalamu. Alimsogezea Kadidja karatasi.

Kadidja akasoma polepole, kwa sauti ya kawaida. Mafundi walikuwepo, wakimsikiliza. Kwenye mstari wa tatu akasimama.

"Neno hili silijui."

"Ni neno dogo tu," alisema Monsieur Édouard. "Nina wateja wengine."

"Tutangoja," alisema Papa Amuri, akavuta kiti, akakaa.

Ikabidi Monsieur Édouard alieleze. Neno lilisema kwamba mnunuzi amelikagua gari na kuliona zima. Papa Amuri akainuka, akalizunguka gari, akapiga honi, akawasha taa. Taa moja haikuwaka. Fundi akaleta nyingine, akaifunga, na hapo ndipo Papa Amuri alipotia sahihi.

Ndani ya kamioneti Papa Amuri alishika usukani kwa mikono miwili, hakuwasha moto mara moja.

"Mama, sikiliza. Maneno ya Mungu ukiyasoma bila kuyaelewa, unapata thawabu. Maneno ya muuza gari ukiyasoma bila kuyaelewa, thawabu anapata yeye. Kutojua si aibu, na mimi baba yako sikukuachia nafasi ya kusema hujui. Nilifumba macho nikafurahia sauti. Nimekosa hapo. Wewe ulikosa uliposema umeelewa."

"Ndiyo, papa."

"Watu wa Kabondo wanafikiri ninajivunia wewe kwa sababu husimami unaposoma. Nami nilifikiri hivyo." Akamgeukia. "Kumbe ninajivunia ile jioni uliponizuia nisiape. Ulijua nitakasirika, na ukasema."

Kadidja akaegemeza kichwa begani kwa baba yake. Papa Amuri akawasha kamioneti, ikakohoa mara mbili, ikashika, wakaenda kumchukua Mama Aziza.