Dakika Moja Tu

Kilianza kitu kidogo, tena cha kuchekesha. Profesa alikuwa mezani asubuhi, mkewe anamtazama anavyokula mayai, mara sauti ikasema, "Chumvi imezidi, ila nitamsifu tu yaishe."

Ilikuwa sauti yake Profesa, haina mjadala. Ila mdomo wake ulikuwa umejaa mayai.

Mkewe akaangua kicheko. "Ahaa! Kumbe miaka kumi na minne unanisifu yaishe?"

"Nani? Mimi sijasema kitu."

"Basi amesema yai."

Profesa akacheka naye, akamaliza kula, akaaga. Lakini mlangoni jasho jembamba lilimtoka, maana hayo ndiyo hasa aliyokuwa akiyawaza, neno kwa neno.

Na Profesa, jamani, hakuwa mtu wa kusikika mawazo yake. Ijumaa ile alikuwa azindue kitabu: utafiti mkubwa kuhusu waandishi wa riwaya wa Uingereza wa mwanzoni mwa karne iliyopita, wale waliochoka kusimulia mtu anafanya nini wakaamua kuingia kichwani kusikiliza anawaza nini, wazo likivuta wazo, wakati uleule ambao wataalamu wa saikolojia nao walikuwa wakichimba humohumo. Kila aliyekisoma alisema hii ni kazi ya maisha. Kweli ilikuwa kazi ya maisha, ila si maisha yake. Aliyeifanya ni shemeji yake, mdogo wake mkewe, mwalimu wa idara ileile, ambaye wote walimwita Bi Kadi kwa sababu kila wazo aliliandika kwenye kadi na kulipanga sandukuni.

Bi Kadi alifariki mwaka jana kwa pumu, mchana kweupe, ofisini kwa Profesa. Mkewe hakujua habari ya kadi. Alijua tu kwamba inhela ya mdogo wake, kile kichupa cha kuvuta dawa ya pumu, ile ya bluu isiyobanduka mkobani, haikuonekana mpaka leo, na kila akiikumbuka alilia upya. Alikuwa na ndugu huyo mmoja tu, aliyemlea mwenyewe. Profesa alijua kwamba siku mwanamke huyu atakapoujua ukweli, kitabu kitakuwa shida yake ndogo.

Jumatatu darasani, anafundisha, sauti ikatoka tena, safari hii kwa nguvu: "Hawa hawajui. Hakuna anayejua. Kadi nimezichoma zote."

Wanafunzi wakapiga makofi. Walidhani anawaonyesha jinsi waandishi wale walivyoandika. "Endelea, Profesa! Huyo mtu alichoma kadi gani?" Lo! Mtu anafichuliwa, watu wanamshangilia. Akageukia ubao ajifanye anaandika, na hapo, karibu kabisa na shingo yake, akasikia kifua cha mtu kikipiga filimbi. Fiii. Kimya. Fiii. Ikaja na harufu ya dawa ya kuchua kifua, ile kali ya kufungua pua, aliyokuwa akijipaka Bi Kadi kila siku. Chaki ikamponyoka.

Jumatano alijikokota kwa mganga mmoja, mama wa makamo aitwaye Bi Kimya, mwenye ofisi ndogo juu ya duka la vitambaa. Bi Kimya hakumuuliza hata jina. Aliinua kichwa, akanusa.

"Mwanangu, hili si jini la kuokota njiani. Huyu ana haki yake kwako."

"Anataka nini?" Profesa alinong'ona.

"Umwambie mkeo. Leo, kwa mdomo wako mwenyewe. Ukimaliza, ataondoka."

"Nitamwambia Jumamosi. Nakuapia, mama."

"Sitamwambia kamwe," ikasema sauti.

Bi Kimya akamtazama mpaka akainamisha uso. "Unaniapia nini sasa?"

"Ifunge tu, nakusihi. Ifunge mdomo."

"Kwako naweza kuifunga. Itakakohamia mimi sijui, na usije kunililia." Akasomea maji kwenye glasi. Profesa akayanywa yote kwa mkupuo mmoja.

Ijumaa ukumbi ulijaa. Kimya tangu Jumatano, si sauti, si filimbi. Profesa alipanda jukwaani amenyooka, suti mpya, mkewe mstari wa mbele amevaa hereni za marehemu mdogo wake. Akasoma ukurasa wa kwanza bila kukwama. Mficha maradhi, kilio humuumbua, walisema wahenga, lakini yeye alishajiona amewashinda wahenga. Alikosea kitu kimoja tu, naye msomi wa mambo hayohayo: alijiambia asiikumbuke ile siku. Nani aliyewahi kujikataza wazo na wazo likatii?

Midomo ya mkewe ikaanza kutikisika. Mwanzoni Profesa alidhani anafuatisha maneno ya kitabu, kisha akasikia, na ukumbi mzima ukasikia, sauti ya mwanamume ikitoka kinywani mwa yule mwanamke, nzito, tulivu, huku macho yake yamemtoka kwa hofu na mikono yake miwili inauziba mdomo bila kufaulu: alikuja na kadi zake anasema ananipeleka kwa mkuu wa chuo, akakohoa, mkoba ukaanguka, inhela ikabingirika mpaka kwenye kiatu changu, nikaiokota, alininyooshea mkono, nikasema dakika moja tu, akitulia nitampa, dakika moja, nikahesabu matofali ya sakafu, fiii, fiii, alikuwa ananitazama, dakika moja tu, mpaka filimbi ikanyamaza, nikaileta nyumbani, iko rafu ya juu, nyuma ya kamusi kubwa, mke wangu hafiki pale, hawezi kufika pale.

Mkewe akasimama. Akatoka, na hereni zinacheza masikioni.

Profesa akakimbia nyuma yake, akiacha kitabu, akiacha watu wamekodoa macho. Kwenye ngazi za nyumbani kifua kikambana. Alidhani ni mbio. Alipofika mlango wa chumba chake cha kusomea, filimbi ikaanza, naye akageuka amtazame aliye nyuma yake, na nyuma hapakuwa na mtu. Ilikuwa inatoka ndani ya kifua chake mwenyewe, yeye ambaye tangu azaliwe hakujua hata mafua ya maana. Chumba kilinuka ile dawa.

Kiti kilikuwa kimesogezwa kwenye rafu. Kamusi ilikuwa sakafuni. Mkewe alisimama na inhela ya bluu mkononi, anaifuta vumbi kwa kidole gumba, polepole, kama anamfuta mtoto uso.

"Mke... mke wangu," akakoroma. Akanyoosha mkono. "Nipe... hiyo..."

Mkewe akamtazama. Alikuwa analia, na machozi yalishuka bila haraka. Profesa aliona wazi kwamba mkewe anampenda bado, na kwamba hilo halitamsaidia. Midomo ya mkewe ilikuwa imefungwa kabisa.

Lakini sauti ikasikika chumbani, na safari hii ilikuwa sauti ya mkewe.

"Dakika moja tu," ilisema. "Akitulia nitampa."

Na macho ya mkewe yakashuka taratibu sakafuni, akaanza kuhesabu matofali.